Sahani ya Pili

“Nilikupa kumbukumbu ya msiba tu, Shomvi, nipate kulala! Kamera yako ikambeba na mume mwenyewe!”

“Bi Chausiku, si nilikuonya? Kamera za siku hizi zikinasa jambo, kichwani halibaki. Lakini mzee wako yumo kwenye filamu. Mwangalie.”

“Nimeangalia hadi macho yananiuma! Naona babu mmoja anacheka barazani kwangu. Simjui!”

Sisi majirani tulishajaa uani, maana ugomvi wa Bi Chausiku haukosi watazamaji. Shomvi, mtengeneza filamu anayejaza kumbi kwa misiba yetu, alisimama mlangoni na kamera yake begani.

Bi Chausiku akachoka kufoka.

“Na mikono nayo haisikii. Kila mchana inapakua sahani mbili, na ya pili sijui ya nani. Haya, Shomvi, ingia ule, wali unapoa.”