Nafasi ya Herufi Tatu

Eskil, mchonga mawe, alilipima jiwe la kaburi kwa uzi mara mbili kabla ya kugusa patasi. Katika mji ule jina la marehemu huchongwa ndani ya mwili wa lindormi, joka refu kama nyoka, lisilo na mabawa. Joka lenyewe hupewa urefu wa jina tu, lisibaki na tumbo tupu, maana tumbo tupu hudai jina jingine.

Gunvor alikaa kando, bintiye Una akikohoa mapajani. Jina la mumewe, aliyefukiwa na theluji, lilipokamilika, Eskil aliuchukua tena uzi.

"Kuna nini, fundi?"

"Pamebaki nafasi. Ya herufi tatu."

Gunvor akamkumbatia Una. "Si ulipima?"

"Nilipima, mama. Lakini wazee hawakuliita lindormi bure. Ormi ni nyoka. Lindi ni kitu kinachojikunja na kujinyoosha. Halishikiki kwa uzi wangu."

Mtoto akakohoa tena, safari hii kwa muda mrefu. Gunvor akamlaza juu ya koti la fundi, akatwaa patasi na nyundo.

"Jina lako ni refu, mama. Halitaenea."

"Nitalibana."

Akachonga G. Akachonga U. Akachonga N, na nafasi ikaisha. Alipoinua patasi kupuliza vumbi, mkia wa joka ulikuwa umejinyoosha, ukaacha nafasi nyingine ya herufi tatu.

Nyuma yake, kikohozi cha Una kilikuwa kimekoma.