Vyumba Visivyowaka Taa

Mama alikikataa kiti cha mgonjwa. Kilikuwa kiti kizuri kweli, cha kulalia, chenye mto na blanketi, lakini yeye alikwenda kujikalia kwenye kile cha plastiki kule mlangoni, akaukumbatia mkoba wake. Fundi umeme, mwanawe wa pekee, alimbembeleza mpaka akachoka. Mwishowe alikilalia yeye mwenyewe, maana ukibishana na mama yake unajichosha bure.

Taa za chumba zilikuwa zimefifishwa. Mtaalamu wa mashine ya kupiga picha za ubongo, dada mmoja mpole mwenye koti jeupe, aliwaeleza mambo kabla hajaufunga mlango. Dawa iliyoingia kwa sindano ni sukari iliyotiwa mionzi kidogo. Ubongo unapenda sukari kuwashinda watoto. Pale unapofanya kazi utaila, na kwenye picha patawaka. Pale uliposinzia patabaki giza.

"Kwa hiyo aliyechomwa atulie," alisema. "Asiongee, asisome, asichezee simu. Na asiyechomwa akae mbali naye kidogo. Mionzi si kitu cha kugawana."

Fundi alielewa upesi. Ni kama nyumba uliyoifanyia wayaringi: unawasha swichi kuu, kisha unazunguka nje kuona ni chumba gani hakikuwaka. Kilichomtia hofu ni idadi ya vyumba ambavyo vingekutwa gizani. Alimpenda mama yake kupita kiasi, na aliiogopa sana ile siku ambayo mama angemtazama usoni na kumuuliza yeye ni nani.

Dalili zilikuwa nyingi. Kila asubuhi mama alimpigia simu kumuuliza leo ni siku gani. Funguo za nyumba yake zilikutwa ndani ya friji. Siku moja fundi alipokwenda kumsalimia, jiko la gesi liliachwa likiwaka mpaka sufuria ikatoboka. Na leo hii, wakiwa kwenye foleni, mama alimuuliza mjukuu wake wa mwisho anaitwa nani. Fundi alicheka, akamtajia. Mama akatikisa kichwa.

"Huyo ni wa kwanza," alisema.

Hata wajukuu amewachanganya, maskini.

Si kwamba mama hakujua kuna tatizo. Ndiye aliyemwomba mwanawe aache kupanda nguzo na kushika nyaya, akae nyumbani. "Nakuhitaji karibu," alisema, na machozi yakamtoka. Mke wa fundi, ambaye na mama mkwe wake walikuwa paka na panya tangu siku ya harusi, safari hii aliunga mkono bila neno. Fundi naye hakusita. Kazi ni nyingi, mama ni mmoja. Hata hospitalini mama alikubali kuja kwa sharti kwamba kila mlango waingie wote wawili.

"Mama," fundi aliita kutoka kitini. "Husikii baridi? Nikuletee blanketi?"

"Nyamaza, mwanangu. Wametaka kimya."

"Kimya chako wewe, si changu."

Mama aliukaza mkoba kifuani, akatazama ukutani.

Njaa ilipomzidi, fundi aliondoka kitini akaenda kuupekua ule mkoba. Ndani mlikuwa na mkate, umefungwa vizuri kwenye kitambaa. Jamani! Mtu anaambiwa tangu jana asitie kitu tumboni, naye anakuja hospitali na mkate mzima. Akamega kipande, bora aumalize yeye kuliko umtie mama majaribuni. Kabla hakijafika mdomoni, mama alimpokonya kwa nguvu ambazo fundi hakujua kama bado anazo.

"Bado. Tutakula wote baadaye."

"Lakini mimi sijakatazwa kula."

"Basi nisaidie kuvumilia. Mvumilivu hula mbivu." Sauti yake ilikuwa inatetemeka. "Rudi kitini, baba. Rudi ulale."

Alimnyooshea kiganja asisogee zaidi. Fundi akarudi, moyo ukimuuma. Yaani mama ana hofu kiasi hiki, na hata kumshika mkono hairuhusiwi! Alijifunika blanketi, akafumba macho, akaomba kimoyomoyo vyumba vingi viwake. Akiomba hivyo alijikuta akijaribu kukumbuka wamepanda ngazi au lifti kufika pale. Hakukumbuka, lakini nani hukumbuka mambo kama hayo akiwa na mgonjwa.

Mlango ulifunguliwa. Muda umetimia, mtaalamu alisema. Kwanza chooni, kisha mashineni, na kichwa kisitikisike hata kidogo.

Fundi alisimama haraka, akaenda kupiga magoti mbele ya kile kiti cha plastiki.

"Twende, mama. Usiogope, mashine haiumi."

Mama hakuinuka. Fundi akamkunjia mkono wa gauni, aibandue ile pamba ya sindano kabla plasta haijamuwasha ngozi. Hapakuwa na pamba. Akakunja mkono wa pili. Ngozi ilikuwa safi, haina hata alama. Alipoinua uso, aliona mama analia bila sauti.

Mtaalamu alimshika fundi kiwiko, taratibu, akaibandua pamba iliyokuwa hapo.

"Twende, kaka," alisema. "Mama atakungoja hapa hapa."