Nipe Iringa

Sidonia alifungua begi atie maandazi ya njiani, akakuta sweta halimo. Lile jekundu la mitumba, alilolishonea kifungo cheupe kwa ajili ya baridi ya Iringa. Alikuwa anakwenda kupumzika huko siku mbili tatu, peke yake.

"Kitendawili," mumewe akasema kutoka kitandani.

"Tega."

"Mwenyewe yupo hapa Nkuhungu, sweta limetangulia Iringa."

Sidonia akacheka. "Nimeshindwa, mzee wangu. Nakupa mji."

"Nipe Iringa."

"Chukua."

"Basi nimeichukua. Jibu ni mdogo wako. Kalivaa, kaondoka na basi la alfajiri. Nami namfuata mchana kwa tiketi yako."

Kicheko kilikuwa bado mdomoni mwa Sidonia.

"Hayo maandazi yafunge vizuri," mumewe akasema. "Anayapenda."