Kilio cha Mama Duni

Kilio, nakuambia. Unauliza ile kampuni ya Théodore ilipandaje mpaka ikapata ghorofa nzima kule Braamfontein, na mimi nakujibu: ni kilio cha mwanamke mmoja, Jumamosi moja ya mwaka 2017. Marthe, aliyekuwa mke wake, ndiye aliyenisimulia. Kaa vizuri.

Wakati ule kampuni ilikuwa chumba kimoja cha kupanga, mtaa wa La Rochelle, jiji hili hili. Théodore, mtu wa Bukavu, alikuwa anachukua tamthilia za Wakorea anazitia sauti za Kiswahili. Kikorea hakuna aliyekijua. Maneno ya Kiingereza yanapita chini ya picha, yeye anayageuza, watu wake wanasema. Ukutani ametundika mablanketi, juu ya mablanketi amebandika trei za mayai, ili kelele za barabarani zisiingie. Joto la humo, we acha tu.

Na kazi ikianza, hakuna kula. Aliyeshiba anabeua, na maikrofoni inasikia. Simu nazo zinakusanywa kwenye sufuria, zinabaki jikoni kwa Marthe.

Mama Duni alikuwa sauti ya mama wa daktari kwenye tamthilia ya wakati huo. Huyu ni Mtanzania, wa Morogoro. Aliolewa na mpigania uhuru wa huku kusini, wakaja wote, mume akafa, akabaki na kijana mmoja tu, Jeremia. Jeremia anafunga vyuma kwenye maghorofa ya Sandton. Mama Duni hamalizi sentensi bila huyo kijana. Jeremia kasema hivi, Jeremia kaninunulia hiki.

Sasa siku hiyo ni kipindi cha mwisho. Mama wa daktari anaambiwa mwanawe kafa, analia. Halafu anaota mwanawe karudi nyumbani, anacheka. Basi, hayo mawili tu. Tajiri mmoja wa televisheni kule Dar alikuwa anasubiri Jumatatu, na alishasema: "Kilio kikinishika, nawapa tamthilia kumi na mbili. Kisiponishika, msinitafute tena."

Mama Duni akalia. Eh, kile nacho ni kilio? Alilia kama mtu aliyeibiwa ndoo.

"Mama," Théodore akamwambia, "unalia sawa mutu mwenye alikosa basi. Lia sawa mutu mwenye alipoteza mutoto."

"Baba, nitamlilia vipi huyu wa kwenye kioo? Hata jina lake linanishinda."

Joël, mlinzi wa duka ambaye ndiye sauti ya daktari, akajinyoosha. "Eish, mama, mimi nimekufa mara tisa toka asubuhi. Nihurumie."

Mara tisa, kweli. Saa tisa alasiri, hawajala, harufu ya sombe, yale majani ya muhogo, inapita chini ya mlango. Marthe akachungulia, akamwita mumewe jikoni. Théodore akakaa huko kidogo. Aliporudi alikuwa amenawa uso. Akawasha mashine, taa nyekundu ikawaka, akapiga magoti mbele ya Mama Duni, akamshika mikono yote miwili.

"Mama. Jeremia ameanguka, kule Sandton. Ghorofa ya kumi na moja. Hayuko tena."

Mjukuu wangu, sauti iliyomtoka yule mama. Marthe huko jikoni alikaa chini sakafuni. Mama Duni alimwita mwanawe, akamwita mama yake aliyekufa zamani, akawa anakwangua saruji kwa kucha. Joël akataka kumshika. Théodore akamzuia kwa mkono, kidole mdomoni, kisha akaisogeza maikrofoni karibu zaidi. Dakika nne. Jina la Jeremia alilikata baadaye, akabakiza kilio kitupu.

Halafu akazima.

"Mama, unisamehe. Ilikuwa ya kazi tu. Jeremia iko muzima."

Mama Duni akamtazama, akamtazama. Akavua ndala. Akamchapa ya bega, ya kichwa, ya mgongo, na Théodore anapokea tu.

"Mshenzi wewe. Mtoto wa nani wewe, uniue na miaka yangu hii."

Kumbe anacheka. Machozi bado yanashuka, na anacheka, mpaka Joël naye akacheka.

"Haya, nipe simu yangu nimsikie mwanangu."

"Mama, saa hii iko juu ya vyuma. Unataka apokee simu, aanguke kweli?"

Hilo likamwingia. Akairudisha ndala mguuni.

"Basi tumalize kicheko," Théodore akasema, "kingali moto."

Mama Duni akacheka mara moja tu, hawakurudia. Mtu aliyerudishiwa mtoto wake anacheka vile, huwezi kumfundisha. Yule tajiri wa Dar aliposikia, alipiga simu mwenyewe. Zikaja kumi na mbili, zikaja ishirini, mpaka Wakorea wakatuma mtu toka Seoul kuja kuuliza huyu mama wa kulia na kucheka ni nani.

Lakini hiyo ni baadaye. Siku ile walikuwa na njaa. Mama Duni alitandika mkeka mwenyewe, huku anaimba kidogo kidogo. Joël akanawa. Théodore akaingia jikoni kuchukua bugali.

"Hospitali wamepiga tena kwenye simu ya mama," Marthe akamwambia, kwa sauti ya chini. "Wanauliza nani atakuja kutambua maiti."

"Waambie tunakuja," Théodore akasema. "Lete sombe."

Akabeba sinia, akatoka nalo. Mama Duni akasogea ampe nafasi, akamwambia karibu mwongo mkubwa, na watu wote wakakaa kula.