Kona ya Migomba

Kaka mtu aliinua mkono, akaapa kusema kweli tupu, kisha akaanza kudanganya.

"Mheshimiwa mwenyekiti, kona ile ni yangu tangu baba yuko hai. Nimeilima mimi. Hakuna mwingine aliyewahi kutia jembe pale."

Chumba cha baraza la ardhi kilikuwa na feni moja mbovu na mabenchi yaliyojaa ndugu. Shamba la urithi lilikuwa kubwa, lakini macho yote yalikuwa kwenye ile kona ya migomba, pembeni mwa barabara inayotiwa lami. Tingatinga zilishaanza kuchimba kule chini. Atakayepata kona atajenga maduka, ale kodi mpaka azeeke. Atakayeikosa atabaki na jembe lake.

Ukweli ni kwamba kona ilikuwa mikononi mwa mdogo wake miaka yote. Mdogo mtu ndiye aliyeipanda ile migomba, akaipalilia, akaizungushia miiba. Cha ajabu, hakuwahi kuonja hata ndizi moja ya pale. Mikungu iliiva, ikaoza, ndege wakashiba. Mtu mjinga namna hii, kaka mtu alijisemea, ardhi ya nini?

Mwenyekiti, mama wa makamo mwenye sauti ya chini, alimtazama juu ya miwani. "Migomba ile aliipanda nani?"

"Mimi, kwa mikono yangu miwili."

"Lini?"

Hapo akababaika. Hakuwa amejiandaa kwa swali hilo. Akatafuta haraka jambo ambalo ukoo mzima unalikumbuka.

"Mwaka ule shemeji yangu alipotoroka. Wiki ileile. Mdogo wangu alikuwa amejifungia ndani analia, hata jembe hawezi kushika. Nikapanda peke yangu."

Shangazi yao aliguna kwenye benchi. Mke yule wa mdogo mtu aliondoka alfajiri bila kuaga mtu. Ilisemekana kamfuata dereva wa lori. Kwao walimtafuta mpaka wakachoka.

"Una swali kwa kaka yako?" mwenyekiti alimuuliza mdogo mtu.

Mdogo mtu alisimama, kofia mkononi. Tangu kesi ianze hakuwa amepinga hata neno moja, na kaka mtu hakuipenda hali hiyo. Kimya kingi kina mshindo mkuu, na mshindo alikuwa bado hajausikia.

"Moja tu, mheshimiwa. Kaka, una hakika? Mashimo yote ya migomba ulichimba wewe? Sikukusaidia hata moja?"

"Hata moja."

"Basi naomba iandikwe hivyo. Kona apewe kaka."

Siku ya kupima, baraza lilifika shambani na mpima ardhi, pamoja na polisi mmoja, maana ndugu wakigawana ardhi mapanga hayakai mbali. Kaka mtu alitangulia, kifua mbele, akiwaonyesha watu litakapokaa duka la kwanza. Alimwahidi shangazi kibanda cha nyuma, karibu na choo. Watu wakacheka.

Mpima alitaka jiwe la mpaka likae kabla ya mgomba wa mwisho. Mdogo mtu akamgusa bega.

"Lisogeze, fundi. Na mgomba ule aliupanda yeye. Liweke palepale kwenye shina. Na uchimbe sana, lishike vizuri."

Kaka mtu nusura amwonee huruma. Mtu kanyang'anywa nguo, anaongezea na viatu.

Kibarua wa mpima aling'oa mgomba, akachimba. Udongo ulikuwa laini kupita kiasi. Jembe likanasa kwenye kitambaa, gauni la maua lililooza. Halafu ikaonekana bangili ya shaba, ile ya harusi, ikiwa bado kwenye mfupa wa mkono.

Shangazi aliketi chini palepale alipokuwa amesimama. Kibarua aliacha jembe shimoni, akarudi nyuma.

"Mwenyekiti," polisi alisema, "ni nani aliyeapa kwamba alichimba shimo hili?"

Mwenyekiti alivua miwani, akageuka kumtazama kaka mtu, na ndugu wote wakageuka naye.

Mdogo wake alivaa kofia, akaiweka sawa.

"Nilikuuliza kama una hakika, kaka," alisema taratibu.