Waya wa Picha

"Chomoa wewe mwenyewe," alisema Mama Petronilla. "Sitaki baadaye useme nilikudanganya."

Okwakol aliingiza mkono nyuma ya deki ya video. Kulikuwa na nyaya mbili. Wa manjano ulipeleka picha kwenye televisheni, mweupe ulipeleka sauti. Akaushika ule wa manjano kwa heshima zote, kama mtu anayeshika kengele ya kanisa.

"Bado," Mama Petronilla alinong'ona. "Ngoja ifike patamu."

Kibanda chake cha video hapo mpakani Malaba, nyuma ya foleni ya malori, kilikuwa kimejaa pomoni: madereva, matanboi wanaowasaidia njiani, wauza ndizi, na wanafunzi wa bweni waliopewa ruhusa ya kwenda kununua sabuni. Sabuni ingengoja. Jumamosi ilikuwa siku ya sinema za kemia, na shuleni kwao tindikali waliijua kwa kuichora tu. Hapa waliiona ikitoboa meza.

Kiingereza cha sinema kilitafsiriwa na Mzee Opolot, aliyeketi na maikrofoni yake nyuma ya pazia la gunia, pembeni mwa televisheni. Wahusika walipozungumza, alitafsiri. Waliponyamaza, aliwatukana watazamaji hadi wahusika warudi kuzungumza. Hakuna aliyeruhusiwa kuligusa gunia lile. Mama Petronilla alisema msimuliaji akikodolewa macho huona haya.

Ugomvi ulianza Jumamosi iliyotangulia. Mzee Opolot alitangaza kwamba mkemia ameinua chupa ya dawa ya kijani. Okwakol, ambaye kwa hesabu zake mwenyewe ndiye aliyekuwa fahari ya kemia katika kidato cha tatu, alisimama kuitetea sayansi.

"Mzee, hiyo ni nyekundu!"

"Keti, kijana," maikrofoni ilijibu. "Nyekundu ni ya wanafunzi. Sisi wakubwa tunaiita kijani."

Mabati yalitikisika kwa kicheko. Kufikia Jumapili jioni, shule nzima ilikuwa ikimwita Kijani. Mpishi alimwita Kijani. Na Akoth wa shule ya wasichana, ambaye baada ya juhudi nyingi alikuwa ameanza kuitikia salamu zake, alimuuliza kwa upole wa kutisha, "Habari ya masomo, Kijani?"

Mtu hawezi kuoa akiwa na jina kama hilo. Okwakol alitafakari juma zima, akaja na nadharia.

"Yule mzee hajui Kiingereza hata cha kuombea maji," alimwambia Mama Petronilla. "Anaangalia picha tu, halafu anabuni. Zima picha, acha sauti, uone kama hatabaki bubu."

Mama Petronilla alicheka hadi akajifuta macho kwa leso. Kisha akakubali upesi mno, jambo ambalo mwanasayansi makini angelitilia shaka. Masharti yalikuwa haya: Mzee Opolot akikwama, anafukuzwa kazi, na lile jina linaondoka naye. Akifika mwisho, Okwakol ataishika maikrofoni, mbele ya watu wote na Akoth akiwemo, atangaze kwamba nyekundu ni kijani.

Sasa kwenye televisheni mambo yalikuwa yamekaza. Tajiri mmoja mwovu alikuwa ametia sumu katika maji ya mji. Mkemia, mwanamke mwembamba mwenye koti jeupe, alikuwa amejifungia maabara akichanganya dawa ya kuiua sumu hiyo. Tone moja likizidi, jengo zima lingelipuka. Akainua mrija. Jasho likamtoka.

"Sasa," alisema Mama Petronilla.

Okwakol akachomoa.

Kioo kikawa cheusi tititi. "Aaaah!" ukumbi ulilia, na tanboi mmoja akapiga mluzi.

"Najua, najua," ilisema sauti nyuma ya gunia. "Hata mimi moyo umeruka. Lakini tulieni, huyu mama ana mkono mtulivu kuliko Petronilla akipima maharagwe."

Watu wakacheka, wakaketi.

"Sikieni chupa zinavyogongana. Anamimina. Tone. Tone jingine. Ole wetu, kuna mtu nje! Viatu hivyo, vizito kama vya askari wa forodha. Pole afande, najua uko humu ndani. Ni tajiri! Anasema, 'Fungua mlango, ama nitauvunja.' Mama anamjibu, 'Vunja, tulipuke wote.'"

Watazamaji waliinama mbele, macho yamekodolea kioo cheusi. Muuza ndizi mmoja aliinuka kutaka kutoka.

"Keti, mama, unaniziba!" alifoka dereva wa nyuma yake.

Akaketi. Okwakol naye, bila kujua, alikuwa ameshikilia benchi kwa mikono miwili. Mlango ulipovunjwa, aliziba masikio. Dawa ilipomwagwa ndani ya tangi la mji na watoto wakaanza kunywa maji, alipiga makofi kuliko wote. Tanboi yule wa mluzi alisema hajawahi kuona sinema tamu namna hiyo.

Mama Petronilla alimgusa bega. "Haya boss. Maikrofoni inakungoja."

Akoth alikuwa tayari amejigeuza vizuri kwenye kiti chake ili asikose kitu.

Okwakol alilifunua gunia kama anayefunua jeneza lake mwenyewe, akaingia. Mzee Opolot alikuwa ameketi, akikunja waya wa maikrofoni taratibu.

"Mzee, nimekubali," alisema Okwakol. "Umefika mpaka mwisho kabisa. Hebu niambie, uliwezaje bila picha?"

Mzee aligeuza uso kuifuata sauti, akaikosa kidogo, huku mkono wake ukipapasa juu ya meza hadi ukaipata fimbo nyeupe.

"Aisee, kijana," alisema. "Kwani picha ilizimika?"