Koti Lisilo na Kifungo

Kwa mwaka wa nne mfululizo Nyandwi alitokea kwenye shuka, akacheka, akashika mahali palipokosa kifungo kwenye koti lake, akatoweka. Wanakijiji waliojaa darasani Ntobeye, madirisha yamezibwa kwa mablanketi, wakapiga makofi.

Amri alizungusha mtambo wa sinema kwa mkono wa kushoto. Wa kulia ulikuwa umekwisha nguvu. Miaka kumi na mmoja alikuwa kampuni nzima peke yake: alipiga picha za sinema, akazisafisha, akazikata, akashona shuka la kuonyeshea, na kwa kuwa picha zilikuwa bubu, akawasemea wote, waume, wake na mbuzi. Kila mwaka alitoka kwake Biharamulo kwenda Buganda kuwapiga picha wanaume wa Ngara waliokuwa wakilima pamba, kisha akarudi kuwaonyesha wake zao. Baiskeli ilimchosha. Uongo ulimchosha zaidi.

Picha ya Nyandwi ilikuwa ya 1935, na sasa 1938 ilikuwa inakwisha. Mara tu baada ya kupigwa picha ile, Nyandwi aliondoka shambani, na wenzake hawakujua alikokwenda. Amri alikosa moyo wa kumwambia Adelfina, mke wa Nyandwi. Basi kila mwaka aliibandika picha ileile katikati ya mpya na kusema, "Anawasalimu."

Wanawake wengine walimpa salamu za kupeleka, maharagwe, hata matusi. Adelfina hakutuma kitu. Alikaa mbele kabisa, mtoto wake wa miaka miwili mgongoni. Amri alikwisha kuihesabu miaka hiyo, akanyamaza. Nyumba husitiri mengi.

Watu walipotoka, alimwita.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mama."

Akamweleza yote bila kumtazama: picha ni ya zamani, Nyandwi hajulikani alipo, naye Amri amechoka, hii ndiyo safari ya mwisho. Kipande kile angekikata sasa hivi, asimdanganye tena. Alimwomba radhi, akachukua mkasi.

Adelfina akamshika mkono. Hakuonekana kushtuka.

"Usikikate, mzee. Kijiji kizima tumekuficha jambo siku zote hizi, tuliogopa utaacha kumleta. Huyu Bonifasia hana pengine pa kumwona baba yake."

Amri alimtazama mtoto, kisha shuka tupu.

"Alirudi nyumbani mwaka uleule. Kifungo cha koti lile nilikishona mwenyewe," Adelfina alisema, "asubuhi tuliyomzika nalo."